Thumni Ikikutana na Sudusi

Mwanamume amefariki, ameacha mke, mama mzazi na mtoto mmoja wa kiume. Gharama za mazishi zimetolewa, madeni yamelipwa, wasia hakuacha, na mali iliyobaki ina thamani ya shilingi milioni 12. Katika mirathi ya Kiislamu, marehemu akiwa na mtoto, mke hupata thumni, yaani 1/8, na mama hupata sudusi, yaani 1/6. Kinachobaki ni cha mtoto wa kiume. Je, huyo mtoto anapata sehemu gani ya mali?

Maswali ya namna hii hufika kila mara mbele ya makadhi wa Mombasa, Lamu na Unguja. Lakini ukiyavua kanzu na kilemba, ni hesabu ileile inayowatoa jasho watoto wa shule ya msingi na kuwakimbiza wazazi mezani wakati wa kazi za nyumbani: kujumlisha na kutoa sehemu zenye asili, yaani namba za chini, tofauti.

Jibu linalokuja haraka kwenye daftari linajulikana. Mtoto anajumlisha juu kwa juu, 1 na 1 ni 2. Anajumlisha chini kwa chini, 8 na 6 ni 14. Anaandika 2/14, na akiwa hodari anairahisisha kuwa 1/7. Sasa 1/7 hiyo ikitafutwa kwenye milioni 12, inatoka shilingi 1,714,285 na senti kadhaa. Sudusi ya mama peke yake ni milioni 2 kamili. Kwa hesabu ya mtoto huyu, mke na mama wakijumlishwa pamoja wanapata kidogo kuliko mama akisimama mwenyewe.

Hapo ndipo pa kuanzia kumsaidia. Mtoto anayeambiwa tu "umekosa, tafuta Kigawe Kidogo cha Shirika (KDS)" ataitafuta leo kwa sababu ameamriwa, na wiki ijayo atarudi kwenye 2/14, maana hakuna kitu kilichobadilika kichwani mwake. Mtoto aliyeonyeshwa kwamba jibu lake limemnyang'anya mama wa marehemu haki yake ana sababu ya kulikataa jibu hilo mwenyewe. Kanuni ije baadaye, ikiwa jawabu la swali ambalo tayari linamsumbua.

Kosa hili halina nchi wala lugha. Mwaka 1978, katika upimaji wa kitaifa wa elimu nchini Marekani, wanafunzi wa miaka 13 walitakiwa kukadiria, bila kukokotoa, jumla ya 12/13 na 7/8. Majibu ya kuchagua yalikuwa 1, 2, 19 na 21. Kila moja ya sehemu hizo inakaribia kuwa kitu kizima, kwa hiyo jumla iko karibu na 2. Waliochagua 2 walikuwa asilimia 24 tu. Asilimia 28 walichagua 19, na asilimia 27 walichagua 21. Chanzo cha majibu hayo kinaonekana wazi: 12 na 7 ni 19, 13 na 8 ni 21. Watafiti walipolirudia swali hilo mwaka 2014 kwa wanafunzi wa darasa la nane, waliopata walikuwa asilimia 27. Zaidi ya miaka thelathini ya vitabu vipya na mitaala mipya ilikuwa imepita.

Takwimu hizo zinafundisha jambo moja la kufanya nyumbani: makadirio yatangulie kalamu. Kabla ya hesabu yoyote ya sehemu, mtoto aseme kwa mdomo kama kila sehemu iko karibu na 0, karibu na nusu au karibu na 1, kisha aseme jumla itaangukia wapi. Kwa 1/8 na 1/6, zote mbili hazifiki robo, kwa hiyo jumla haiwezi kufika nusu. Na lazima izidi 1/6, kwa sababu 1/6 imeongezewa kitu. Tayari jibu limefungiwa kwenye uwanja mdogo, na 1/7 iko nje ya uwanja. Zoezi hili linachukua sekunde chache. Mzazi asiyekumbuka kanuni hata moja anaweza kulisimamia vizuri kabisa.

Baada ya hapo mtoto yuko tayari kusikia kwa nini 8 na 6 hazijumlishwi. Namba ya chini, ambayo vitabu vya Tanzania huiita asili, inaeleza kitu kizima kimekatwa vipande vingapi vilivyo sawa, na kwa hiyo inaeleza ukubwa wa kipande. Namba ya juu, kiasi, inahesabu vipande vilivyochukuliwa. Mtu mwenye noti moja ya elfu tano na noti moja ya elfu mbili hamwambii muuza duka kwamba ana "mbili". Anazigeuza zote kuwa shilingi ndipo anataja jumla. Kipande cha thumni na kipande cha sudusi havilingani kwa ukubwa. Vinapaswa kukatwa upya, vyote viwili, kwa kipimo kimoja kinachovitosha bila kubakiza.

Kipimo hicho kinaonekana kwa macho kwenye daftari la hesabu lenye miraba. Mtoto achore mstatili wenye safu mlalo 4, kila safu miraba 6, jumla miraba 24. Mstatili wote ni mali ya marehemu. Sudusi ya mama ni safu wima moja kati ya sita, yaani miraba 4. Aipake rangi ya kijani ukingoni kushoto. Thumni ya mke ni nusu ya safu mlalo moja, yaani miraba 3. Aipake nyekundu katika safu ya juu, pale ambapo kijani haijafika. Kisha ahesabu. Iliyopakwa rangi ni 7, isiyopakwa ni 17. Hakuna kanuni iliyotumika mpaka hapa, lakini jibu limekwisha patikana: 1/8 + 1/6 = 7/24, na mtoto wa marehemu anapata 1 − 7/24, ambayo ni 17/24. Kwa mali ya milioni 12 kila mraba ni nusu milioni: mke milioni 1.5, mama milioni 2, mtoto milioni 8.5. Zikijumlishwa, milioni 12 imetimia.

Mchoro huu usiharakishwe. Siku mbili tatu za kuchora zina faida kuliko kurasa tano za maswali, kwa sababu mtoto anaona kwa macho yake kwamba thumni haikubadilika thamani ilipogeuka kuwa 3/24. Mali ni ileile. Imekatwa vipande vidogo zaidi tu.

Ndipo swali la kweli linapojitokeza, na inapendeza zaidi mtoto akiliuliza mwenyewe: nitajuaje kwamba mstatili uwe na miraba 24, nisichore 20 au 30? Hapa KDS inapata kazi. Njia nyepesi ni kuanza na asili iliyo kubwa na kutaja vigawe vyake, huku kila kimoja kikijaribiwa kwa asili ndogo. 8: haigawanyiki kwa 6. 16: haigawanyiki. 24: inagawanyika. Basi, imetosha. Wengi hufundishwa kuorodhesha vigawe vya namba zote mbili kwenye mistari miwili mirefu ndipo watafute zinazofanana. Inafanya kazi, ila inachosha bure mkono na inafungua mlango wa makosa ya kuhesabu.

Asili zikiwa kubwa, kama 36 na 48, kutaja vigawe kunaanza kuwa kazi, na hapo kuzivunja kwa namba tasa kuna manufaa. 36 ni 2 × 2 × 3 × 3. 48 ni 2 × 2 × 2 × 2 × 3. KDS inachukua kila namba tasa kwa wingi wake pale ilipozidi: mbili nne na tatu mbili, ambazo zikizidishwa ni 144. Anayezidisha tu 36 kwa 48 anapata 1,728, namba sahihi lakini nzito, na itamlazimu airahisishe mwishoni.

Kuhusu ile njia ya mkato ya kuzidisha kwa mshazari, ambapo 1/8 + 1/6 inaandikwa moja kwa moja kuwa 6 na 8 juu ya 48, yaani 14/48: haidanganyi. 14/48 ikirahisishwa ni 7/24. Shida yake ni kwamba mtoto anaweza kuitumia mwaka mzima bila kujua anafanya nini, na sehemu zikiwa tatu au nne anakwama. Aruhusiwe kuitumia siku atakapoweza kueleza kwa maneno yake kwa nini inatoa jibu sahihi. Kabla ya siku hiyo inamziba macho.

Hatua inayoangusha wengi hata baada ya kuipata KDS ni ile ya kubadilisha asili na kusahau kiasi. Mtoto anaandika 24 chini ya zote mbili, anaacha 1 na 1 juu, anapata 2/24. Dawa yake ni ndogo: kando ya kila sehemu aandike kwa kalamu ya rangi namba aliyozidishia, × 3 kando ya thumni, × 4 kando ya sudusi, na namba hiyo ipige juu na chini. Mwandishi Ahmes wa Misri, aliyenakili mafunjo ya hesabu yapata mwaka 1550 kabla ya Kristo, alitumia wino mwekundu kwa kazi inayofanana na hiyo. Swali moja katika mafunjo hayo, yaliyopo sasa British Museum jijini London, linataka kujua 2/3 na 1/15 ziongezewe nini ili zifikie 1. Kwa kipimo cha 15, 2/3 ni 10 na 1/15 ni 1. Jumla 11, pungufu ni 4. Wamisri waliandika karibu sehemu zote kwa kiasi cha 1, kwa hiyo hizo 4/15 waliziandika kama 1/5 na 1/15. Namba nyekundu zilikuwa za kumsaidia mkokotoaji. Mtoto wa leo anastahili msaada huohuo, na asifute namba zake za pembeni ili daftari lionekane safi.

Mpangilio wa mazoezi nao una uzito. Sehemu zenye asili sawa zipitwe haraka. Mtoto akae muda mrefu kwenye zile ambazo asili moja inagawanyika kwa nyingine, kama 1/2 + 3/8 au 2/3 + 1/6, kwa sababu hapo sehemu moja tu ndiyo inayobadilika na akili inabaki huru kutazama kinachotokea: 2/3 inakuwa 4/6, jumla 5/6. Zifuate asili zisizo na kigawo chochote cha pamoja zaidi ya 1, kama 3 na 4, ambapo kuzidisha tu kunatosha. Aina ya 6 na 8 ije mwisho. Vitabu vingi huzichanganya zote katika ukurasa mmoja, na mtoto anamaliza ukurasa akiamini kwamba kila swali lina uchawi wake.

Kwa kundi la katikati, saa ya ukutani ni mwalimu mzuri. Saa moja ina dakika 60, na 60 inagawanyika kwa 2, 3, 4, 5, 6, 10, 12, 15, 20 na 30. Wababeli wa kale walihesabu kwa makundi ya 60, nasi tumerithi 60 hiyo kwenye dakika zetu. Theluthi ya saa ni dakika 20, robo ni 15, kwa hiyo 1/3 + 1/4 ni dakika 35, yaani 35/60, ambayo ni 7/12. Robo tatu ya saa ukitoa theluthi mbili ni dakika 45 ukitoa 40. Zinabaki 5, na 5/60 ni 1/12. Mtoto anayesoma saa anayafanya haya akielekea shuleni, bila karatasi. Saa ina mpaka wake: subui, yaani 1/7, haiingii kabisa kwa dakika kamili, na thumni inatoka dakika saba na nusu.

Kutoa kunahitaji uangalifu wa ziada pale namba mchanganyiko zinapoingia, na hapa fundi cherehani ana mfano hai, maana futi yake ya kupimia ina inchi zilizokatwa kwa nusu, robo na thumni. Tuseme mkono wa shati una inchi 22 1/4 na unatakiwa upunguzwe inchi 1 5/8. Robo ni thumni mbili, kwa hiyo ni 22 2/8 kutoa 1 5/8. Mtoto anaona 2 ni ndogo kuliko 5, anageuza, anatoa 2 kwenye 5, anapata 3, anaandika 21 3/8. Shati hilo litamfikia mwenyewe mikono ikiwa mirefu.

Njia sahihi ni kuvunja inchi moja nzima. Kutoka kwenye 22 inachukuliwa 1, inakatwa thumni nane, inaongezwa kwenye zile mbili: 21 10/8. Sasa 10 kutoa 5 ni 5, na 21 kutoa 1 ni 20. Jibu ni inchi 20 5/8. Makadirio yangemwokoa hata hapa: inayotolewa inazidi inchi moja na nusu, na 22 1/4 ikipungua zaidi ya hapo haiwezi kubaki juu ya 21. Asili za fundi zina upole wake pia. Ni 2, 4, 8, na kwenye tepu ya seremala 16. Iliyo kubwa daima inagawanyika kwa ndogo, kwa hiyo KDS haitafutwi, inachukuliwa tu ile kubwa. Mtoto mwenye ndugu fundi apelekwe akashike futi mwenyewe.

Je, kikokotoo cha simu hakitoshi? Kwa kuhakiki kinatosha sana. 1 ÷ 8 inatoa 0.125, 1 ÷ 6 inatoa 0.1666 isiyokwisha, jumla 0.2916 na kuendelea. 7 ÷ 24 inatoa tarakimu zilezile, na mtoto anajua amepatia. Lakini sudusi na theluthi hazina mwisho kwenye desimali. Kwenye mali ya watu, kila anayekata tarakimu anakata haki ya mtu, ndiyo maana hesabu za mirathi hubaki kwenye sehemu mpaka hatua ya mwisho.

Mirathi ndiyo pia inayompa mtoto mkubwa changamoto inayomfaa, yenye sehemu nyingi kwa pamoja. Al-Khwarizmi, aliyeandika kitabu chake cha aljebra Baghdad katika karne ya 9, alitenga sehemu kubwa ya kitabu hicho kwa wasia na mirathi. Sehemu zilizotajwa katika aya ya 11 na ya 12 za Suratun Nisaa ni nusu, robo, thumni, theluthi mbili, theluthi na sudusi, na 24 inazitosha zote. Anayejua kuzigeuza sehemu hizo sita kuwa vipande vya 24, yaani 12, 6, 3, 16, 8 na 4, ana ufunguo wa maswali mengi. Mali halisi ya marehemu ipelekwe kwa kadhi, kwa sababu warithi wanazuiana na kupunguziana kwa masharti ambayo hesabu pekee haiyajui. Zoezi la mezani ni kwa ajili ya kujifunza sehemu.

Swali moja lenye sifa kubwa ni hili. Marehemu ameacha mke, mabinti wawili, baba na mama. Mabinti wanapata theluthi mbili kwa pamoja, baba sudusi, mama sudusi, mke thumni. Aliyezoea kukadiria atashtuka mapema: theluthi mbili ni sudusi nne, na za baba na mama ni mbili, jumla sudusi sita. Mali imekwisha, na mke hajapata kitu. Kwa vipande vya 24, ni 16 + 4 + 4 + 3, ambavyo ni 27. Haki zimezidi mali.

Katika madhehebu ya Kishafii, yanayofuatwa na Waislamu wengi wa pwani ya Afrika Mashariki, hakuna anayefukuzwa. Mali inagawanywa mafungu 27 badala ya 24, na kila mrithi anabaki na idadi yake ya mafungu, hivyo wote wanapungukiwa kwa uwiano mmoja. Utaratibu huu huitwa aul. Mke anapata 3/27, ambayo ni 1/9. Mapokeo yanasimulia kwamba Ali bin Abi Talib aliulizwa suala hili akiwa juu ya mimbari, akajibu papo hapo kuwa thumni ya mwanamke huyo imekuwa tusui. Ndiyo maana linaitwa Al-Minbariyya. Mali ikiwa shilingi milioni 27, mke anapata milioni 3, kila binti milioni 8, baba milioni 4 na mama milioni 4.

Mtoto aliyefika hapa apewe jingine dogo alichore mwenyewe. Mwanamke amefariki, hana mtoto wala wazazi. Ameacha mume na dada wawili wa baba na mama mmoja. Mume ana nusu, dada hao wana theluthi mbili kwa pamoja. Kwa vipande vya 6 ni 3 na 4, jumla 7/6, kwa hiyo mafungu yatakuwa 7. Mali ikiwa shilingi milioni 21, kila fungu ni milioni 3: mume anachukua milioni 9, na kila dada milioni 6.